Kuitetea Serikali kunaanzia masijala

Nilipomaliza Shule ya Sheria nilipita usaili wa Sekretarieti ya Ajira, nikapangiwa kazi kama Wakili wa Serikali Daraja la II. Kusimama mbele ya Jaji, jambo ambalo vijana wengi huliogopa, unazoea haraka. Kinachotoa jasho ni kupata nyaraka kutoka kwa mteja wako mwenyewe.

Anayetaka kuishtaki Serikali ya Tanzania hutoa kwanza notisi ya siku 90. Tangu marekebisho ya sheria ya mwaka 2020, hata anayeidai halmashauri lazima amuunganishe Mwanasheria Mkuu wa Serikali, na shauri hufunguliwa Mahakama Kuu. Hapo ndipo mashauri ya halmashauri yalipoanza kutumiminikia. Siku hizo 90 ziliwekwa ili Serikali ijikague na ikiwezekana imalizane na mdai, lakini mara nyingi notisi hulala kwenye trei ya mtu mpaka wito wa mahakama ufike. Ukishafika, una siku 21 za kuwasilisha majibu ya madai.

Shauri moja lilihusu fidia ya ardhi. Wananchi walidai maeneo yao yalitwaliwa na halmashauri bila malipo. Nilipoomba maelezo, nikaletewa barua ya aya moja: madai hayana msingi, wote walishalipwa. Barua ya aina hiyo ukiisoma mahakamani unajiaibisha tu, Jaji anataka vielelezo. Nikafunga safari.

Masijala nilimkuta mama mmoja makini sana, mtunza kumbukumbu. Akanitolea jalada. Nikapekua folio, yaani nyaraka zilizopewa namba ndani ya jalada: 12, 13, 14, kisha 22.

"Mama, katikati hapa pamekwenda wapi?"

"Mwanangu, hilo liliazimwa na watu wa ardhi. Lilirudi hivyo hivyo."

Akafungua daftari la mzunguko wa majalada, akanionesha saini ya aliyeliazima: afisa aliyekwisha kustaafu. Nikaomba namba yake, nikampigia.

"Shikamoo mzee."

"Marahaba. Hizo karatasi usizitafute ardhi, utazeeka. Nenda kwa mhasibu, uliza hati za malipo."

Alisema kweli. Stoo ya uhasibu, ndani ya boksi lililofungwa kwa kamba, kulikuwa na orodha ya malipo yenye majina, kiasi, na saini au dole gumba. Mbele ya majina kadhaa hapakuwa na kitu. Waliolipwa walikuwepo, na wasiolipwa walikuwepo, na wote wameungana katika hati moja ya madai.

Niliandika ushauri: waliolipwa tuwapinge mahakamani kwa vielelezo, wasiolipwa tuzungumze nao. Mkurugenzi wa halmashauri alikuja juu.

"Wakili, wewe ni wetu au wao?"

Nikamweleza kwamba fidia inayocheleweshwa inaongezeka riba, na kila mwezi tunaobishana unaingia kwenye bajeti yake. Kweli mali ya Serikali haikamatwi kukazia hukumu, yaani kulazimisha ilipwe, na wapo viongozi wanaolichukulia hilo kama kinga ya kutolipa. Mimi naona ni deni linalohamishiwa kwa mkurugenzi atakayefuata. Alikaa kimya, akaita mweka hazina, wakapiga hesabu mbele yangu. Saini yake ilipatikana siku ile ile, jambo ambalo serikalini si la kawaida.

Wasiolipwa tulipatana nao, hati ya makubaliano ikasajiliwa mahakamani. Siku hizi notisi ikiingia mezani kwangu, simu ya kwanza ni ya masijala na ya pili ni ya uhasibu. Vitabu vya sheria nafungua jioni.

Kwa wale wengine shauri liliendelea, na shahidi wetu wa kwanza alikuwa mhasibu.