Nyumba ya Mungu, Kutoka Upande wa Pili

Nimezaliwa Kilomeni, kwenye ubavu wa Milima ya Upare unaotazama magharibi. Kila asubuhi tulikuwa tunaliona Bwawa la Nyumba ya Mungu kule chini bondeni, na bibi alilifanya saa yake: kivuli cha mlima kikishatoka juu ya maji, mmechelewa shule, kimbieni. Nimeliona maisha yangu yote, lakini mguu wangu ulifika Jumatatu ya Pasaka ya mwaka huu, nikiwa na mwanangu wa miaka tisa.

Dar mpaka Kisangara basi lilikwenda vizuri. Maumivu yalianzia njia panda. Bodaboda alitaka elfu kumi na tano, kwenda tu. "Leo sikukuu, mama," alisema, na wenzake wote wakatazama pembeni. Nikalipa. Tukapita kwenye mkonge na vumbi mpaka ufukweni, ambako nusu ya Mwanga na Moshi ilikuwa imeshafika na muziki wake. Sato mmoja wa kukaanga, mdogo kuliko kiganja changu, elfu kumi na mbili! Bei ya Dar, na maji anakovuliwa ninayaona. Iliniuma sana.

Boti ilikuwa elfu tano kwa kichwa. Tulipanda kumi na mmoja, maboya yalikuwa manne. Nilipouliza, nahodha akanijibu, "Maji yametulia, dada." Nikachukua boya moja, nikamfunga mwanangu kamba zote mwenyewe.

Na kweli yalikuwa yametulia, kwa muda wa kama dakika ishirini. Kisha upepo wa mchana ukaja kutoka upande wa Simanjiro, maji yakageuka rangi, na mawimbi yakaanza kupiga ubavu wa boti kama tuko Pangani mjini. Hapo ndipo mashine ilipozima. Nahodha akavuta kamba mara ya kwanza, ya tano, ya kumi. Akafungua tenki, akachovya kidole, akanusa. Petroli ilikuwa na maji. Kijana mmoja alikuwa anakumba maji miguuni mwetu kwa kidumu kilichokatwa, na kasia lilikuwa moja. Mtu nyuma yangu akataja mamba. Mwanangu hakulia, ila alishika kitenge changu hadi vidole vikawa vyeupe. Nilikasirika kuliko nilivyoogopa. Bwawa hili lina zaidi ya kilomita za mraba mia moja, na watu wanapeleka watoto wa wenzao katikati yake bila maboya ya kutosha.

Aliyetufikia kwanza ni mzee mmoja mvuvi, peke yake kwenye mtumbwi wa kasia. Hakuwa na uwezo wa kutuvuta. Alishika ubavu wa boti yetu, akampigia simu mwenzake mwenye mashine, kisha akabaki nasi. Akaanza kuzungumza na mwanangu kama watu waliokutana barazani. "Unaona kule, mjukuu wangu? Kikuletwa inaingilia kule, na maji ya Meru na Kilimanjaro. Ruvu inakuja huku, inatoka Ziwa Jipe. Yanakutana hapa."

"Halafu yanakwenda wapi?"

"Yanafunguliwa kwa zamu. Wakulima wa Kirya wanapata yao, umeme unapata yake, mpaka Hale, mpaka baharini."

Mwanangu akanigeukia. "Nani anayafungulia?"

Nikajikuta namsimulia habari ya ndiva. Kwetu mlimani maji ya mfereji yanakusanywa usiku kwenye bwawa dogo la mawe na udongo, asubuhi mzee wa zamu anazibua, na kila shamba lina siku yake. Sisi watoto tulikuwa tunaogelea ndani kwa siri, na tukikamatwa tunachapwa, kwa sababu tukitibua udongo tumeharibu maji ya watu. Mzee alicheka sana, akasema naye alichapwa kwa kosa hilo hilo, Usangi. Bwawa hili walilizuia katikati ya miaka ya 1960, tayari wazee wetu wakiwa na ndiva zao tangu enzi na enzi. Sijui kwa nini sikuwahi kuvilinganisha.

Nikainua macho, nikauona mlima wetu mzima. Mabati ya Kilomeni yalikuwa yanamulika juani, madogo kama punje. Sikuwa nimewahi kukuona kwetu kutoka huku.

Mashine ya kutuvuta ilifika baada ya saa nzima. Ufukweni tukadaiwa elfu mbili mbili zaidi, eti mafuta ya kutuvuta. Nilikataa, na wenzangu wote wakakataa. Mzee sikumwona tena nimshukuru vizuri. Alikuwa amesharudi kwenye nyavu zake.

Kesho yake tukapanda kwa mama. Alfajiri nilimkuta mwanangu amekaa ukingoni mwa shamba na blanketi, anasubiri kivuli kitoke juu ya maji.