Siku Moja Maishani Mwangu: Kuujenga Mwito Unaoamsha Maji

Katika mchezo wa kuigiza wa sauti tunaoutengeneza, maji ya nchi nzima yamelala ndani ya mawe. Hayaamki kwa mvua wala kwa sururu, huamka kwa mwito: mpangilio mmoja wa mapigo. Msikilizaji haoni jiwe, haoni maji, ana masikio tu. Mwito usipokuwa na sheria anayoweza kuisikia mwenyewe, uchawi wote unageuka kelele nyuma ya maneno. Leo ndiyo siku ya kuujenga.

Saa 10 alfajiri. Narekodi saa hii kwa sababu bodaboda hazijaamka. Friji naizima, na funguo za mlango naziweka humo ndani ili nisitoke bila kuiwasha tena. Ala ni upatu, sahani ya shaba inayopigwa kwa kijiti: pigo lake ni kali na mvumo wake ni mrefu. Maikrofoni inakaa sentimita 30 kutoka ukingoni, si juu ya katikati, maana pale pigo hufunika mvumo. Narekodi mapigo 20 kwa kijiti kikavu na 20 kwa kijiti kilichofungwa kitambaa, kila moja nikilisubiri life lenyewe. Kilele cha sauti kisipite -12 dB (dB ni kipimo cha nguvu ya sauti, na 0 ndiyo kikomo cha kinasa). Faili ni za biti 24 na kHz 96 (sampuli 96,000 za sauti kila sekunde), kwa kuwa baadaye mlio nitaupunguza kasi kwa nusu ushuke oktavu moja, na kwa kHz 48 ungebaki mzito usio na ung'avu. Kosa la wengi ni kurekodi mwito mzima kisha kuupunguza kasi: mlio unashuka vizuri, lakini mapigo nayo yanatambaa.

Saa 1 asubuhi. Kazi yenyewe inaanza. Mwito una nafasi 12. Saba zinapigwa, tano zinaachwa kimya:

X . X . X X . X . X . X

Wanaojua ngoma watautambua, kwani kengele ya chuma katika ngoma nyingi za Afrika hushika mapigo haya haya. Uzuri wake ni kwamba ukianzia mahali pengine, unapata mwito mwingine bila kuongeza kitu. Kuanzia nafasi ya 1, maji yanaamka. Kuanzia ya 5, mapigo mawili yaliyobanana yanatangulia mbele (X X . X . X . X X . X .), na maji yanarudi kulala. Kuanzia ya 8 unapata huu:

X . X . X X . X . X X .

Huu ndio mwito wa kuyafanya maji yamfuate mpigaji popote aendapo. Ulinganishe na wa kwanza. Nafasi kumi za mwanzo ni zile zile. Tofauti ni pigo la mwisho tu, limewahi kwa nafasi moja. Ndiyo maana mwanafunzi mwenye haraka, akitaka kuamsha kisima, anajikuta anafukuzwa na mto. Hatari hiyo imo ndani ya hesabu, na mtunzi hakuhitaji kuibandika.

Kila nafasi naipa milisekunde 200, hivyo mzunguko mmoja ni sekunde 2.4. Nikiibana sana, msikilizaji mgeni huenda asilitofautishe pigo la mwisho la mwito wa kwanza na la ule wa kufuata, na hadithi inapotea.

Saa 4. Chini ya mapigo naweka mvumo: sauti mbili, ya Hz 220 (mitetemo 220 kwa sekunde) na ya Hz 225. Zikikutana hupanda na kushuka mara tano kwa sekunde, yaani mara moja kila milisekunde 200. Mvumo unapumua sawasawa na nafasi za mwito bila kugusa kitufe.

Saa 6 mchana. Jaribio la simu. Uzito wa jiwe, yaani sauti yake ya chini kabisa, niliuweka kwenye Hz 55, ambao spika ya simu haiutoi kabisa. Naongeza Hz 110, 165 na 220 juu yake. Sikio linaujaza msingi ule wa Hz 55 lenyewe.

Saa 8. Waigizaji. Wanapiga meza wakihesabu hadi 12, pamoja na nafasi za kimya. Anayehesabu mapigo tu hula kimya kimoja na kubaki na nafasi 11.

Saa 10 jioni. Mwangwi wa pango, na hapa ndipo miito mingi hufia. Mwangwi wa sekunde tatu unajaza zile nafasi tano, na bila kimya hakuna mpangilio. Nauchelewesha milisekunde 60, naushusha dB 18 chini ya pigo, na ule mrefu naufungulia baada ya pigo la mwisho kabisa la mzunguko wa tatu.

Saa 1 usiku. Nasawazisha kipindi kizima kwenye -16 LUFS (kipimo cha ukubwa wa sauti kama sikio linavyousikia), kilele -1 dB.

Saa 2 usiku. Nawaita watu wawili ambao hawajausoma muswada. Nawapigia mwito wa kwanza mara tatu, halafu ule wa kufuata, nikiwaomba wainue mkono pale wanaposikia umebadilika. Mikono ikiinuka mara tu baada ya nafasi ya 11, faili inahifadhiwa. Ikichelewa, kesho alfajiri nazidisha mlio wa kijiti kikavu.