Kamba mawe wa wiski na krimu: nilivyompika Watamu

Mgeni wa nyumba ninayopikia hapa Watamu, pwani ya Kenya, alitoka Uskoti, na hamu yake ilikuwa kamba wa sosi ya wiski na krimu. Kamba wa bahari yao ya baridi ana magando mawili makubwa yaliyojaa nyama. Wetu, kamba mawe, hana magando. Nyama yake karibu yote iko mkiani, na mkia ukizidi moto kidogo tu unatafunika kama mpira.

Nilichukua wawili kwa mvuvi, wakiwa hai. Jike mwenye mayai tumboni simpokei hata kwa bei ya bure, na sheria nayo inamkataza mvuvi kumleta. Niliwalaza kwenye friza hadi wakazubaa, nikawaua kwa kisu na kuitenga mikia. Utumbo niliutoa kwa sharubu: unakata kipande, unakiingiza nyuma ya mkia, unazungusha, unavuta. Vile vimiba vyake vinaukamata na kutoka nao mzima.

Vichwa na miguu usitupe, ladha yote imo humo. Nilivipondaponda, nikavikaanga kwa siagi na kitunguu mpaka vikawa vyekundu na jiko zima likanukia, nikatia kijiko cha nyanya ya kopo na maji ya kufunika. Baada ya dakika 20 hivi za moto mdogo nikachuja.

Mgeni alikuwa na chupa mbili. Moja ilitoka kisiwa cha Islay, ya moshi mkali, maana shayiri yake hukaushwa kwa moto wa mboji kavu ya kinamasi (peat). Hiyo nilimwachia anywe mwenyewe, ingemfunika kamba kabisa. Nikachukua ile laini.

Mikia niliipasua kwa urefu, nikaikaanga kwa siagi upande wa nyama, nikaiondoa ingali mbichi katikati. Kwenye kikaango hichohicho nikalainisha kitunguu kilichokatwa vidogo sana. Wiski, kama mililita 50, niliipima kwenye kikombe kwanza. Kumimina kutoka kwenye chupa karibu na moto ni kujitafutia balaa. Nikatoa kikaango motoni, nikamimina, nikarudisha na kuiwasha kwa kiberiti kirefu. Moto wake ulipozima, nikaacha wiski ikauke karibu yote. Wiski ikiingia baada ya krimu, sosi inabaki na ukali wa pombe mbichi.

Kisha ile supu ya maganda, ikapungua nusu, halafu krimu nzito. Hapa nilifanya kama nifanyavyo na tui: moto mdogo, mwiko hautulii, krimu isije ikakatika. Krimu zile nyepesi za kupunguza mafuta siziamini kwa kazi hii. Kijiko kidogo cha haradali, chumvi, pilipili manga, na ndimu mwisho kabisa, jiko likiwa limezimwa. Mikia ikarudi humo dakika mbili, hadi nyama ikawa nyeupe pote.

Mgeni alitaka viazi, nami nikapika na wali mweupe. Wali ndio uliokwisha.

Kwa mwenzangu wa jikoni, ambaye ni Mwislamu, nilitenga supu na mkia kabla chupa haijafunguliwa, nikampikia kwa sufuria nyingine. Moto ule hauondoi pombe yote, watu wasikudanganye. Wake niliutia ndimu zaidi na thomu.