Utarekebisha mezani: siku moja ya mhariri na fundi sauti, Sinza

Saa kumi na mbili na nusu asubuhi. Nawasha kompyuta, nanakili mafaili ya jana kwenye diski mbili, nakunywa chai na chapati. Chumba changu kina magodoro ukutani. Wageni huniuliza kwa nini sikuweka trei za mayai. Trei hazizuii kelele, zinapunguza mwangwi kidogo tu.

Saa mbili hadi saa nne napanga sini za tamthilia na kuoanisha sauti na picha kwa mlio wa kibao kinachogongwa mbele ya kamera kabla ya kuigiza. Video ni fremu 25 kwa sekunde. Sauti ikichelewa fremu tatu tu, mtazamaji anahisi mdomo unamdanganya, ingawa hajui kwa nini.

Saa nne na robo nafika sini ya 14, na siku yangu inaishia hapo.

Mama amerudi baada ya miaka mingi, anamwambia mwanawe: "Sikukuacha mwanangu, nilifukuzwa." Hadithi nzima imebebwa na neno hilo la mwisho. Jirani ya nyumba tuliyorekodia kuna mchomelea mageti, na grainda yake ililia juu ya "nilifukuzwa" tu, kana kwamba alikuwa anasubiri zamu yake. Siku ile mti wa maiki niliushika mimi mwenyewe. Nikainua mkono, nikasema sauti imeharibika, turudie. Jibu la mwongozaji nililijua kabla halijatoka: "Twende, jua linazama. Utarekebisha mezani."

Basi niko mezani. Nikapunguza masafa ya grainda, na sauti ya mama ikapungua nayo, akawa kama anaongelea ndani ya ndoo. Nikatafuta kwenye teki nyingine, zile tulizorekodi kabla ya hiyo: ya pili alilitamka huku akipenga kamasi, ya nne alisema "walinifukuza". Nikajaribu kuunga "nili" ya huku na "fukuzwa" ya kule, ikatoka kama tangazo la stendi.

Prodyuza naye kakaa nyuma yangu tangu saa sita, anatafuna karanga. "Fundi, si uweke muziki wa huzuni tu, juu kabisa?"

"Bosi, muziki ukifunika grainda utafunika na mama."

"Kwani lazima asikike?"

Sikujibu. Nikampigia mwigizaji mwenyewe, yuko Tanga, saluni kwake. "Shikamoo mama. Naomba uingie kabatini kwenye nguo, ufunge mlango, urekodi neno moja." Akacheka mpaka wateja wake wakauliza kulikoni. Nikamsisitiza asitume kama voisi ya WhatsApp, maana inabanwa na kupoteza ubora. Arekodi kwa rekoda ya simu, atume kama faili. Akatuma mara tano. Nne za kwanza ni mtu anayesoma. Ya tano, sijui alikumbuka nini humo kabatini, lakini alilia kweli.

Sauti ya kabati ni kavu, haifanani na sebule. Bahati nzuri, siku ya kurekodi niliwaomba wote wanyamaze sekunde 30 nichukue kimya cha chumba. Walinicheka. Kimya kile nikakitandika chini ya neno, nikaongeza mchakacho wa khanga, niliousugua mwenyewe mbele ya maiki. Likakaa.

Saa ngapi? Giza lilishaingia, sijala. Kurenda, yaani kompyuta kuunganisha picha na sauti kuwa faili moja, kulifika asilimia 87, umeme ukakatika. Prodyuza akanitazama kama mimi ndiye niliyeuzima. Uliporudi nikaanza upya. Kituo cha runinga kinataka faili kabla ya saa sita usiku, na kiwango cha sauti kikizidi wanalirudisha. Lilifika na dakika kumi mkononi.

Kitandani masikio bado yanavuma. Simu ikalia, prodyuza: "Kazi safi sana fundi. Ile ya mama imenitoa machozi. Ila muziki ungekuwa juu kidogo."