Bahari Iliyofika Chamwino

Bibi yangu amezeekea Chamwino, mkoani Dodoma, bila kuiona bahari hata siku moja, na Jumapili iliyopita nilimwonesha filamu fupi aliyoitengeneza Vittorio De Seta, Mwitalia mzaliwa wa Palermo, mwaka 1954, kuhusu wavuvi wanaowinda samaki-upanga katika mlangobahari unaotenganisha Sicilia na Calabria. Ni filamu ya dakika kumi hivi, nayo haina msimulizi. Zama zile filamu za namna hiyo zilizoea kubebwa na sauti ya bwana mmoja anayeeleza kila kitu. De Seta aliiondoa kabisa, akabakiza sauti alizozinasa hukohuko kwa wavuvi, za makasia, nyimbo na watu wanaoitana, kisha akazipanga kwa mizani kama mtu atungaye shairi.

Nilitaka kuanza kumweleza bibi, nikajizuia, na nashukuru kwamba nilijizuia. Juu ya mlingoti amesimama mtu peke yake, macho majini, huku wapiga makasia na mrusha chusa wakiwa tayari. Samaki akionekana, mtu yule hupaza sauti, na mashua hukimbilia anakoielekeza. Bibi alikuwa ameishika simu kwa vidole viwili, kama mtu anayeogopa kuimwaga. Akasema, "Huyo yuko kwenye dungu, mjukuu wangu. Anaamia ndege."

Kwa asiyejua, uwele unapokaribia kukomaa huku kwetu, mtu hupanda dunguni alfajiri na kushindana na kweleakwelea mpaka jua lizame, kwa sababu kundi moja likishuka bila kuonwa, shamba hubaki mabua matupu. Bibi aliifanya kazi hiyo tangu utotoni, na anaijua sauti ya mtu aliye juu peke yake, ilhali chakula cha nyumba nzima kinategemea macho yake. Msimulizi angetutajia uzito wa samaki na bei yake sokoni, na bibi angeketi kama mgeni anayefundishwa.

Samaki alipochomwa chusa, bibi aligeuza uso. Filamu ilipokwisha aliuliza kama maji yale yote yananyweka. Nilipomjibu kwamba ni ya chumvi alinyamaza kitambo, kisha akaniomba nimrudishie pale mtu wa mlingotini anapoanza kuita.