Nilivyoifikisha Mahakama Kuu kesi ya mdogo wangu

Kesi ya mdogo wangu ilikuwa ikiahirishwa kila mara katika mahakama ya hakimu, na ushauri wa bure niliopewa ulikuwa wa aina mbili: mwandikie Jaji Mkuu, au omba kesi ifutwe kwa kuchelewa. Shtaka ni la wizi wa mabavu, kijana yuko rumande. Jaji gani atalitupa kwa sababu tu mashahidi hawajafika? Nilichotaka ni kesi isikilizwe.

Njia ni mapitio. Kifungu cha 362 cha Sura ya 75 ya sheria za Kenya, yaani sheria ya mwenendo wa kesi za jinai, kinairuhusu Mahakama Kuu kuitisha faili ya mahakama ya chini na kukagua amri zilizomo. Ibara ya 165(7) ya Katiba inaipa pia uwezo wa kutoa maelekezo ili haki itendeke. Barua kwa naibu msajili wa kitengo cha jinai yatosha: nambari ya kesi, mahakama, shtaka, unachoomba. Itiwe sahihi na mshtakiwa mwenyewe huko gerezani, si shangazi yake. Kesi ya mauaji haimo humu, maana hiyo husikilizwa na Mahakama Kuu yenyewe.

Sasa utamu wenyewe. "Kesi imekaa sana" ni kilio tu. Jaji wa mapitio anatafuta amri iliyoandikwa. Kwa hiyo niliomba nakala ya mwenendo wa kesi (kumbukumbu za yote yaliyoandikwa na hakimu) iliyothibitishwa kwa muhuri, nikachora jedwali: tarehe, aliyeomba kuahirisha, sababu aliyoandika hakimu, na siku ngapi hadi tarehe iliyofuata. Safu hiyo ya mwisho ndiyo iliyofanya kazi. Kifungu cha 205 cha sheria hiyohiyo kinataka kesi ya aliye rumande isiahirishwe kwa zaidi ya siku 15 kamili. Aliye nje kwa dhamana, siku 30. Kila palipozidi nikapiga mstari mwekundu, na nyekundu ilijaa ukurasa! Pale utetezi ulipoomba kuahirisha, sikupaficha. Kiongozi wa mashtaka angepafichua, na jedwali zima lingeonekana la ujanja.

Nakala hiyo ina kazi nyingine ambayo wengi hawaijui. Faili halisi ikiitishwa, inasafiri, na kule chini kesi inasimama kuisubiri. Umeomba haraka, umezaa kuchelewa kupya. Ambatisha nakala, kisha omba faili halisi ibaki, au irudi kabla ya tarehe iliyopangwa.

Katika barua tuliomba tarehe za mfululizo, wito kwa mashahidi kupitia afisa mpelelezi, na hakimu mpya aendelee pale mwenzake aliyehamishwa alipoachia. Hilo la hakimu lina mtego: kifungu cha 200 kinampa mshtakiwa haki ya kutaka mashahidi waitwe tena. Wapo waliodai kesi ianze upya, kisha wakalalamika imechelewa. Chagua moja.

Jaji alikubali karibu yote. Ila amri haijipeleki. Nilichukua nakala zenye muhuri masjala, moja nikaipeleka iingizwe kwenye faili ya chini, nyingine kwa upande wa mashtaka, nyingine akabaki nayo mdogo wangu. Siku ya kutajwa akaomba hakimu aiandike kwenye kumbukumbu kabla tarehe haijapangwa. Pesa zangu ziliishia kwenye nakala na nauli. Wakili niliyemuuliza bei ya barua hiyohiyo alitaja kiasi cha kununua ng'ombe.