Aje Jumatatu

Uchekeshaji wangu niliutoa stoo. Kabla sijapanda jukwaani nilikuwa karani wa ghala moja kwenye Barabara ya Nyerere, ile ambayo wazee wa Dar es Salaam bado wanaiita Pugu Road. Kila asubuhi nilisimama mbele ya madereva na makuli nikisoma orodha ya mizigo: mifuko mingapi, gari namba gani, nini kimepungua, nini kimeloa. Asubuhi moja nikasoma, kwa sauti ile ile ya kila siku, kwamba katoni za sumu ya panya zimeliwa na panya. Makuli walikaa chini kwa kicheko. Mmoja alijishikilia kwenye gunia asianguke. Mimi nilikuwa nasoma ripoti, nikaendelea na mstari uliofuata, wakazidi.

Nilipoanza kuchekesha kumbini usiku, nilikwenda na sauti hiyo hiyo. Nasimama, nazungumza taratibu, sicheki, sipandishi nyusi, sirukiruki. Wenzangu wakaniita Mkavu, na jina likashika. Ukumbi ulinielewa. Waliochelewa kunielewa ni watu wa kamera, na sababu yao naijua vizuri. Kwetu mchekeshaji wa runinga huchekesha kwa mwili mzima. King Majuto wa Tanga, aliyefariki Agosti 2018, alikuwa akiingia tu kwenye picha watu wameshaanza kucheka, hajafungua hata mdomo. Kundi la Ze Comedy walitupa sauti na mienendo ya watu tuliowajua hadi tukahisi wamo sebuleni kwetu. Nawapenda wote hao na nimekaa mbele ya runinga nikiwasoma kama mwanafunzi. Ila kila nilipokwenda kwenye usaili wa kuigiza nilipewa ushauri mmoja: kaka, ongeza vituko kidogo.

Nikatafuta wakavu wengine, nikawapata mbali. Wa kwanza ni Buster Keaton, Mmarekani aliyezaliwa mwaka 1895 na kulelewa jukwaani na wazazi wake. Angali mtoto mdogo aligundua kwamba akianguka kisha akacheka, watazamaji hunyamaza, na akianguka akabaki na uso wake, ukumbi unavunjika. Mwaka 1917 alipoingia studio ya filamu New York kwa mara ya kwanza, jambo lililomshughulisha lilikuwa kamera yenyewe. Aliiomba, akaifungua vipande vipande ili aone inafanyaje kazi. Wa pili ni Bob Newhart, aliyefariki Julai 2024 akiwa na miaka 94. Huyu alikuwa mhasibu Chicago. Vichekesho vyake vilivyomtoa mwaka 1960 vilikuwa mtu anaongea kwenye simu, na sisi tunasikia upande mmoja tu. Mwaka 1972 alipopewa tamthilia yake ya runinga, alicheza mwanasaikolojia, mtu ambaye kazi yake ni kukaa kitini na kuwasikiliza wengine. Jambo hilo la mwisho nililijua kama habari tu. Sikuwa nimeelewa kwa nini kazi hiyo ilimkaa vizuri kiasi kile.

Miaka michache iliyopita, baada ya onyesho moja Kinondoni, kijana mmoja alinifuata nyuma ya jukwaa. Alikuwa dairekta wa tamthilia ya runinga. Akaniambia, "Kaka, nina karani wa ofisi ya mafao. Hana kituko hata kimoja. Nimemtafutia mtu mwezi mzima." Akanipa kurasa za skripti pale pale. Nikazisoma nikiwa nimesimama.

Mjane anafika dirishani kufuatilia mafao ya marehemu mumewe. Karani anapekua fomu, anauliza sahihi ya mwenye mafao iko wapi. Mjane anasema mwenye mafao amefariki. Karani anasema utaratibu ni asaini mwenyewe. Mjane anarudia: amefariki. Karani anasema, "Basi aje Jumatatu." Kisha anaongeza, "Aje asubuhi. Mchana tunakuwa na watu wengi."

Nilicheka ndani kwa ndani. Nilijua namna ya kuitoa sentensi ile kwa sababu niliisikia ikitoka mdomoni mwangu kabla sijamaliza kuisoma.

Tulirekodi Magomeni, kwenye nyumba ya kupanga iliyogeuzwa ofisi. Watu hufikiri seti ni mahali pa raha. Feni zilizimwa kwa sababu maiki inazisikia. Dirisha lilizibwa kwa godoro kupunguza kelele za bodaboda. Kijana wa sauti alipuliza maji kidogo kwenye fomu zangu ili zisichakarike nikizifungua, akaweka kitambaa kilichokunjwa chini ya muhuri ili nikigonga usilipuke masikioni mwake. Dada mmoja aliandika kila kitu daftarini: muhuri upo mkono gani kwenye neno gani, kalamu imelala upande upi. Adhana ya adhuhuri ilipoanza tulisimama, ikaisha, tukaendelea. Nilitokwa jasho, nikapakwa poda, nikatokwa tena.

Mjane alichezwa na mama mmoja mtu mzima, aliyesoma Chuo cha Sanaa Bagamoyo miaka ya 1980, zamani kabla hakijaitwa TaSUBa, na aliyeigiza michezo ya redio kwa miaka mingi. Seti nzima ilimwita Bibi. Nilimwamkia shikamoo, akaitikia marahaba, akaniuliza kwetu ni wapi. Nikamwambia Korogwe. Akasema alishawahi kuigiza huko, kwenye uwanja wa shule, bila kipaza sauti.

Wakati wa mazoezi watu wa kamera walicheka sana. Halafu dairekta akaomba kimya, akasema akisheni, na kicheko kikakatika kama umeme. Lazima iwe hivyo. Mtu akicheka picha imeharibika. Lakini mimi nilikuwa nimejenga kila kitu changu juu ya kicheko cha mtazamaji. Ndicho kinachoniambia nisubiri kiasi gani, ndicho kinachonipa pumzi. Jukwaani kimya ni taarifa mbaya. Pale Magomeni nilisema "Basi aje Jumatatu", kikaja kimya cha watu zaidi ya kumi waliobana midomo, na mwili wangu ukasubiri kitu ambacho hakikuwa kinakuja.

Dairekta hakuvimba. Alinisogelea, akaniuliza kwa upole, "Unamsubiri nani hapo?"

Tukapiga ile picha pana mara kadhaa. Ilikuwa sawa. Kila mtu alisema ni sawa, na nadhani ingetosha kabisa kwa tamthilia ya runinga. Ikaja zamu ya picha ya karibu ya Bibi, mimi nikiwa nje ya picha, pembeni mwa lenzi, nikimpa maneno yake ya kujibu. Hapo ndipo nilipomtazama kweli kwa mara ya kwanza. Aliposema "amefariki" mara ya kwanza, alikuwa anamtaarifu karani. Aliposema mara ya pili, alikuwa anajitaarifu mwenyewe. Neno moja, sauti haikupanda. Nilisimama umbali wa mkono mmoja nikaona kope la jicho la kushoto likishuka kidogo na kurudi. Hiyo tu. Kama ningekuwa mstari wa tatu ukumbini nisingeliona, na hapo nikaelewa kwa nini Keaton aliifungua kamera. Kamera inakuja karibu kuliko mtazamaji yeyote niliyewahi kuwa naye. Uso uliotulia mbele yake haufichi kitu.

Tukapumzika kula. Tulikaa kwenye mkeka chini ya mwembe uani, wali maharage na tembele. Bibi alikula kimya kwa muda, kisha akauliza, "Mwanangu, huyu karani wako amezika nani?"

Nikamwambia skripti haisemi.

"Skripti haiwezi kusema kila kitu. Mtu anayemwambia mjane marehemu aje Jumatatu, ama hajawahi kufiwa, ama amefiwa na hajapata pa kukaa. Wewe unadhani ni yupi?"

Sikumjibu haraka. Nilikuwa nimerudi stoo. Baba yangu alipofariki tulimzika Korogwe siku ya Ijumaa, na Jumatatu asubuhi nilikuwa nimesimama mbele ya makuli nikisoma orodha. Sauti ile ile. Mifuko mingapi, gari namba gani. Hakuna aliyecheka siku hiyo, wala hakuna aliyenizuia, na mzee mmoja wa kundi alinipokonya kalamu taratibu nilipomaliza, akaenda kuandika mwenyewe namba za magari. Sikuwa jasiri, na sikuwa na moyo mgumu. Nilikuwa na kazi ya kusoma orodha, na orodha ilikuwa na mstari unaofuata, na ule mstari ulinishika.

Hayo sikumwambia Bibi yote. Nilimwambia, "Huyu amefiwa."

Akasema, "Basi usimchekeshe mtu. Nisikilize mimi tu."

Baada ya chakula kamera iligeuzwa upande wangu. Waigizaji wakubwa wengi wanapomaliza picha yao huenda kupumzika, na maneno yao husomwa na msaidizi. Bibi aliomba kigoda, akakaa pembeni mwa lenzi kwenye joto lile, akaufunga mtandio wake upya kana kwamba kamera bado inamtazama. Dairekta akasema kimya.

Nikauliza sahihi iko wapi. Akajibu amefariki. Nikasema utaratibu ni asaini mwenyewe, na nilikuwa nimeshauinua muhuri, kama tulivyopanga. Safari hii aliporudia "amefariki" hakulisema kama alivyolisema asubuhi. Alilishusha, karibu kunong'ona, kama anayenipa mimi pole. Nilimsikia. Siwezi kueleza zaidi ya hivyo: nilimsikia, na mkono ukabaki juu na muhuri wake. Macho yangu yakaondoka kwake yakaenda kwenye fomu. Nikaiambia fomu, "Basi aje Jumatatu." Nikapumua. "Aje asubuhi. Mchana tunakuwa na watu wengi."

Sauti ilikuwa ile ile ya stoo. Hakuna msuli wa uso niliousogeza kwa makusudi, na sikungoja kicheko, maana nilikuwa nimesahau kwamba kuna watu wengine chumbani. Dairekta alichelewa kusema kata. Nilipogeuka nilimwona kijana wa sauti ameng'ata kola ya shati lake, macho yana maji, na sikuweza kujua amezuia kitu gani kati ya viwili. Sidhani hata yeye alijua. Yule dada wa daftari alikuja kunong'ona kwamba muhuri haukushuka mahali pake, picha hazitaungana. Dairekta akamjibu, "Tutakata tukiwa kwa Bibi. Hii hairudiwi."

Nililipwa jioni hiyo, nikapanda daladala nikarudi nyumbani.

Kipindi kilipotoka nilikitazamia kwenye saluni ya kunyoa mtaani kwetu, kusudi, kwa sababu nilitaka kukaa na watu. Walicheka pale pale nilipotarajia wacheke. Kicheko kikubwa, cha kupigana mabega. Kisha picha ikabaki usoni mwangu kwa muda mfupi tu, mkono juu, na kicheko kikapungua chenyewe pasipo mtu kukizima. Mama mmoja aliyekuwa amemleta mtoto kunyolewa akasema, "Huyo karani naye ana lake." Kinyozi akamuuliza lipi. Akasema, "Simjui, lakini analo."

Nimepigiwa makofi mengi na ninayashukuru, ila sina sifa ninayoithamini kuliko ile. Nilikuwa nimefanya kazi kwa miaka nikidhani ukavu wangu ni mlango uliofungwa, na kwamba watu wanacheka kwa sababu hawaoni ndani. Mama yule aliona ndani kutoka kwenye kiti cha plastiki, kwenye runinga ya inchi chache iliyotundikwa juu ya kioo, mashine ya kunyolea ikinguruma. Namwelewa Newhart sasa. Kabla hawajampa kiti cha kuwasikiliza watu runingani, tayari alikuwa msikilizaji. Kwenye zile simu zake alimsikiliza mtu asiyekuwepo hadi sisi tukamsikia.

Jukwaa sijaliacha. Bado napanda, bado nasubiri kicheko, na kikija nakifurahia kwa moyo wote. Ila siku hizi kabla ya kupanda huwa naangalia ukumbi nimchague mtu mmoja nitakayezungumza naye.

Mwezi uliofuata dairekta mwingine, wa filamu, alinipigia. Alikuwa ameiona ile picha ya muhuri. Alikuwa na nafasi ya baba wa mvuvi aliyepotea baharini, hadithi ya Kunduchi, na hapakuwa na kichekesho popote. Aliniuliza kama mchekeshaji ataweza. Kisha akaanza kunieleza malipo, siku za kazi, usafiri. Nikamwacha amalize, nikamwambia hayo tutakubaliana, lakini kwanza aniambie ni nani atakayekaa mbele yangu.